Yeye Mwenyewe: Bi Kidude Mbele ya Kamera

Filamu ya kutungwa inapokwisha na majina kuanza kupanda kwenye skrini, kila mwigizaji huandikwa jina lake na, mbele ya jina hilo, jina la mtu aliyemwigiza. Katika filamu ya hali halisi, ile tunayozoea kuiita dokumentari, pale ambapo pangekaa jina la mhusika mara nyingi huandikwa maneno mawili tu: yeye mwenyewe. Nimewahi kufanya ukalimani wa wapiga filamu kwa miaka kadhaa hapa Unguja, na kwa muda mrefu niliyapita maneno hayo kama mtu anavyopita kibao cha duka analolijua. Siku nilipotakiwa kuyaandika kwa Kiswahili ndipo niliposita.

Neno hili kwetu lina kazi mbili. Mwenyewe ni mtu yule yule, si mwakilishi wake wala mfano wake. Na mwenyewe ni mwenye kitu. Anayebisha hodi na kuuliza "Wenyewe wapo?" anawauliza wenye nyumba. Anayeokota ufunguo njiani na kusema "Mwenyewe atakuja kuutafuta" anazungumzia mali na haki ya mtu juu yake. Basi nikawa najiuliza kama mtu anayeonekana kwenye skrini kama yeye mwenyewe huwa mwenyewe kwa maana zote mbili, na kila nikijiuliza, anayenijia akilini kwanza ni Fatuma binti Baraka, ambaye dunia ilimjua kwa jina la Bi Kidude.

Alizaliwa katika kijiji cha Mfagimaringo, Unguja, mtoto wa muuza nazi. Jina la Kidude alilipata utotoni kwa udogo wa mwili wake, na likamganda mpaka kaburini, ingawa mwenye jina hilo alikuja kuwa na sauti ambayo haikuhitaji kipaza sauti kufika ukuta wa mwisho wa ukumbi. Mwaka wa kuzaliwa kwake hakuna aliyeuandika. Alipoulizwa, alikuwa akisema alizaliwa zama za rupia, na jibu hilo lilipokelewa na waandishi wa habari kama kipande cha historia kinachoweza kupigiwa hesabu. Lakini rupia ilitumika Unguja tangu karne ya 19 hadi mwisho wa mwaka 1935, shilingi ya Afrika Mashariki ilipochukua nafasi yake mwaka 1936. Anayesema amezaliwa zama za rupia amesema kweli tupu, na wakati huohuo hajakuambia chochote unachoweza kukiandika kwenye kitambulisho. Wengi walikadiria miaka ya 1910, na makadirio yakabaki makadirio.

Mwaka 2006 ilitoka filamu ya mwongozaji Andy Jones, raia wa Uingereza, inayomfuata Bi Kidude nyumbani Unguja na safarini Ulaya. Iliitwa As Old As My Tongue, maneno yanayotokana na msemo wa Kiingereza wa mtu asiyetaka kutaja umri wake, kwamba yeye na ulimi wake ni rika moja. Nilipoisikia tafsiri hiyo nilifikiri kwamba mwongozaji, kwa njia ya lugha yake, alikuwa amelielewa lile jibu la rupia. Mwaka mmoja kabla, 2005, Bi Kidude alikuwa amepewa tuzo ya WOMEX, maonyesho ya kimataifa ya muziki wa dunia, kwa mchango wake katika muziki, akiwa katika umri ambao wanawake wengi wa Kizanzibari huwa hawatoki tena hata kwenda sokoni. Katika filamu anaimba, anapiga ngoma, anavuta sigara, anakunywa, anacheka kwa kifua chote, na anawaambia watu wazima mambo ambayo watu wazima huambiwa faraghani. Wapo wenzetu walionuna, wakisema kwamba sura ya Zanzibar haikupaswa kwenda nje namna ile. Mimi sikununa, ila nilikuwa na kosa jingine, ambalo naona ni kubwa kuliko kununa: niliamini kwamba alikuwa hafanyi chochote, kwamba kamera iliwashwa tu na bibi kizee akaendelea na maisha yake.

Tukumbuke kazi yake ilikuwa nini. Kabla dunia haijamjua kama mwimbaji wa taarabu, na baada ya kumjua vilevile, Bi Kidude alikuwa kungwi. Alikuwa akitengeneza hina na wanja, akijua dawa za miti, na akicheza wari, yaani wasichana wanaoandaliwa kuingia utu uzima kwa ngoma ya unyago. Unyago ulifika visiwani na watu wa bara, wengi wao walioletwa utumwani, na ukakaa ukawa wa hapa. Mafunzo yake hayatolewi kwa kusomwa. Kungwi huimba, huigiza, hunengua, hujifanya mume, hujifanya mke, hujifanya mkwe mkali, humchekesha mwari mpaka aibu imtoke ndipo amwambie lile alilokusudia kumwambia. Kwa hiyo, aliyeketi mbele ya kamera ya Mwingereza alikuwa mwanamke mwenye miongo kadhaa ya kutazamwa, anayejua kukaa kimya mpaka mtazamaji asogee mbele, na anayejua ni wakati gani kicheko kinafungua mlango na wakati gani kinaufunga.

Na upande wa taarabu alitokea katika mkondo wa Siti binti Saad, ambaye nyimbo zake aliziimba maisha yake yote. Siti alivuka bahari mwaka 1928 kwenda Bombay kurekodi sahani za santuri kwa kampuni ya His Master's Voice, na akafariki mwaka 1950. Kilichosafiri kwa Siti kilikuwa sauti. Santuri ilichezwa kwenye mikahawa ya pwani yote, na msikilizaji akamchora mwimbaji kwa fikra zake. Bi Kidude aliishi mpaka zama ambazo sauti haitoshi, na mtu anatakiwa atoe uso, mikono, chumba, kitanda na jiko lake. Kutoa vitu hivyo bila kunyang'anywa kunataka ufundi wake, na ufundi huo niliuona kwa macho ya bibi yangu, si kwa macho yangu.

Bibi yangu mzaa mama alichezwa mtaani Ng'ambo, hapa mjini Unguja, kabla ya Mapinduzi. Niliazima diski ya filamu ile nikaileta nyumbani, tukaiweka kwenye televisheni ya ukumbini baada ya magharibi, Bibi kitini, mimi mkekani, na Khamis, mtoto wa kaka yangu, karibu na mlango. Bibi alitazama vizuri tu. Alizitambua nyimbo, akazifuata kwa midomo, akalalamika kwamba siku hizi watu wanapiga fidla haraka kama wana gari la kuwahi. Ikafika sehemu ya msondo. Msondo ni ngoma ndefu nyembamba, na Bi Kidude alikuwa akiipiga wima, ameifunga kiunoni kwa kanga, ngoma ikiwa mbele yake kati ya miguu. Maneno kujifunga kibwebwe, ambayo sisi tunayatumia kwa kila anayejikaza kufanya kazi, kwake yalikuwa jambo la kweli, lenye fundo. Mkono wa kwanza ulipotua juu ya ngozi, Bibi alikaa wima.

"Khamis," alisema, "nenda kanunue mkate, mwanangu."

"Mkate upo, Bibi."

"Kanunue mwingine."

Khamis akatoka. Bibi akanitazama na mimi, kwa jicho ambalo sikuwahi kuliona, jicho la kupima kama nina haki ya kubaki. Mimi sikuchezwa, zama zangu jambo hilo lilikuwa limeshaanza kuachwa mjini. Sijui alipima kwa kipimo gani, lakini aliniacha. Alisikiliza mpaka mwisho huku kidole chake kimoja kikigonga mkono wa kiti, na mapigo ya kidole hicho hayakuwa yale yaliyokuwa yakitoka kwenye televisheni. Yalipishana nayo, yakaingia katikati yake, kama mtu anayejibu. Ngoma ilipokwisha alishusha pumzi, akajiegemeza.

"Hajatoa kitu," alisema.

Nikamuuliza ana maana gani, kwa kuwa mimi niliona ametoa kila kitu.

"Hiyo ni ya watu. Ya wenyewe kaiacha."

Nikauliza tofauti yake ni ipi. Bibi akasema Khamis amekawia, nitoke nikamwangalie.

Nimelirudia jambo hilo moyoni mara nyingi. Mwongozaji alikaa naye kwa muda mrefu, akapewa nafasi ambayo wageni wachache walipata kupewa, na watazamaji wa Ulaya walitoka wakiamini kwamba wameingia ndani kabisa. Nami niliamini pamoja nao. Kumbe walikuwa wamekaribishwa barazani. Nyumba ya Kiswahili imejengwa kwa hesabu hiyo: baraza ni ya wapita njia na wageni, ukumbi ni wa jamaa, na ndani ni ndani. Mgeni aliyeketi barazani na kupewa kahawa, tende na mazungumzo matamu hajadanganywa hata kidogo, wala mwenye nyumba hajaigiza ukarimu. Amekaribishwa kweli, mahali pa kweli, na mwenyewe ndiye aliyechagua mahali hapo. Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema kwamba mtu wa dokumentari ama anakuwa mkweli na kujifunua wote, ama anaigiza. Bi Kidude hakujifunua wote na hakuigiza. Alikuwa mwenyewe, kwa maana ile ya hodi.

Historia ya filamu hizi inaonyesha kwamba si wote waliopata nafasi hiyo. Filamu inayohesabiwa kuwa miongoni mwa za kwanza ndefu za aina hii, Nanook of the North ya mwaka 1922, ilimwonyesha mwindaji wa Kiinuiti wa kaskazini mwa Kanada katika maisha yake mwenyewe. Mtu huyo aliitwa Allakariallak. Jina la Nanook alipewa kwa ajili ya filamu, mwanamke aliyeonyeshwa kama mkewe hakuwa mkewe, na aliwinda kwa chusa mbele ya kamera ilhali watu wake walikuwa tayari wanatumia bunduki, kwa sababu mwongozaji alitaka maisha ya zamani. Alicheza mtu ambaye wageni walitamani awe, na dunia ikaambiwa kwamba ndiye yeye.

Nayasema haya si kwa kuwanyooshea kidole watu wa karne iliyopita, kwa sababu nami nilishiriki katika jambo la namna hiyo, dogo zaidi. Miaka kadhaa iliyopita nilichukuliwa kuwa mkalimani wa kikundi cha wapiga filamu kutoka nje, waliokuja kutengeneza filamu kuhusu wanawake wa mwani katika pwani ya mashariki, upande wa Jambiani. Kilimo cha mwani cha biashara kilianza huku mwaka 1989, na tangu mwanzo kimekuwa kazi ya wanawake zaidi. Unachomeka vijiti mchangani, unatandaza kamba kati ya kijiti na kijiti, na kwenye kila kamba unafunga vipande vya mwani kwa vikamba vidogo ambavyo wenyewe wanaviita taitai. Mwani wenyewe hausumbui sana, unakua. Linalosumbua ni maji. Shambani panafikika vizuri wakati wa bamvu, maji yanapokupwa sana, na kwa siku hizo chache mwanamke anatakiwa amalize kufunga, kuvuna na kubeba kabla bahari haijarudi. Maji mafu yakiingia, anakaa nyumbani.

Aliyechaguliwa kuwa mhusika mkuu alikuwa mama wa umri wa miaka kama hamsini, mwenye maneno machache na mikono iliyokaushwa na chumvi. Asubuhi hiyo alitakiwa atembee kutoka ufukweni mpaka shambani, akae, afunge kamba moja. Akafanya hivyo, wingu likafunika jua. Wakamwomba arudi ufukweni aanze tena. Akarudi, akatembea, akafunga, pikipiki ikapita barabarani na kuharibu sauti. Wakaomba tena. Safari ya tatu nilimfikishia ombi hilo nikiwa nimeshaanza kuona haya, akanyoosha mgongo na kutazama upande wa mwamba, ambako weupe wa mawimbi ulikuwa umeanza kusogea.

"Mwanangu," aliniambia, "waambie bamvu halinisubiri mimi, wala halitawasubiri wao. Kamba zangu ishirini zimelala."

Nilitafsiri. Walipendezwa sana, wakadhani amesema methali, wakaniomba nimwombe aseme tena akiitazama kamera. Yeye alikuwa anazungumzia kazi. Lakini alikuwa mtu wa adabu na wao walikuwa wageni, kwa hiyo alisema tena, akatembea tena, akaingia majini yakiwa yameshafika mapajani, akafunga kwa haraka. Zile kamba ishirini hazikufungwa siku ile.

Jioni alipewa fomu ya ridhaa, kurasa mbili za Kiingereza, ambazo nilimfasiria kwa sentensi tatu kwa sababu gari lilikuwa linangoja. Akatia sahihi. Mimi nililipwa ujira wa siku, mpiga picha alilipwa, dereva alilipwa, mwenye nyumba ya wageni alilipwa. Yeye alipewa mchele na sukari, vikaitwa zawadi. Nilipouliza, nikaelezwa kwamba ni desturi ya kazi: mtu wa dokumentari halipwi, kwa sababu akilipwa ataanza kusema anachodhani mnunuzi anakitaka, na ukweli utaharibika. Hoja hiyo ina uzito wake na siidharau. Mwandishi wa habari anayenunua ushahidi hupata ushahidi wa kununuliwa. Ila nilikuwa nimesimama pale majini. Mtu aliyetembezwa mara tatu ili jua liwe zuri hakuwa anatoa ushahidi, alikuwa anafanya kazi, na kazi hiyo ilimgharimu bamvu. Tunapomwita mwigizaji tunamwandikia mkataba, na tunapomwita yeye mwenyewe tunadhani kwamba kuwepo kwake ni kama jua na bahari, vitu vilivyokuwepo tu, ambavyo kamera imevikuta bure.

Bi Kidude alikuwa na jina, na bado swali la nani mwenyewe lilimfuata mpaka mwisho. Aliimba Ulaya na kwingineko, akaalikwa na watu wakubwa, na aliendelea kuishi katika nyumba yake ndogo ya Raha Leo. Mwaka 2012 zilivuma habari kwamba amechukuliwa kutoka nyumbani; wapo waliosema ametekwa, na upande wa jamaa ukasema ni mgonjwa anayehitaji kupumzishwa. Andy Jones alirudi Unguja kutaka kujua, na kutokana na safari hiyo ikatoka filamu ya pili mwaka 2013. Siwezi kuhukumu baina ya watu wale. Linaloniuma ni kwamba kwa mara ya kwanza katika filamu hizo mbili, watu wengine wanamzungumzia yeye kuliko yeye anavyojizungumzia. Kila mtu ana dai: wa familia, wa muziki, wa picha, wa taifa. Yule aliyejua kuwakalisha wageni barazani sasa yuko kitandani, na mlango unafunguliwa na kufungwa na mikono mingine. Alifariki tarehe 17 Aprili 2013 na kuzikwa Kitumba, na viongozi wa nchi wakahudhuria mazishi ya mtoto wa muuza nazi.

Filamu ya mwani nayo ilikwisha, na mwaka uliofuata nikapata nakala yake. Niliona nimpelekee mama yule, kwa kuwa hakuna mwingine ambaye angempelekea. Tuliitazama kwenye kompyuta yangu, kizingitini kwake, na majirani wawili nyuma yetu. Jina langu lilikuwemo mwishoni. Lake halikuwemo, aliandikwa mkulima wa mwani, Zanzibar. Nilikuwa nimejiandaa kwa jambo hilo, nimepanga na maneno ya kuomba radhi, lakini yeye hakujali maandishi. Aliniomba nirudishe nyuma, pale anapofunga kamba na maji yako mapajani. Nikarudisha. Akainama mpaka uso wake ukakaribia kioo.

"Hapa hapakukaza," alisema. "Unaona? Wimbi moja tu, limeondoka. Watu watasema sijui kufunga."

Nikamwambia wale watazamaji wa nje hawataona tofauti.

"Mimi naona," alisema.

Akaingia ndani, akatoka na fungu la taitai na kipande cha kamba, akaketi chini, akakikaza kimoja kati ya kidole gumba na shahada, mara mbili, akakivuta kwa meno, kisha akaninyooshea nikijaribu. Nilivuta kwa nguvu zangu zote na hakikufunguka.